Mbwa Wako Hasikii Neno, Anasoma Macho Yako

Wasee, kabla hatujafika mbali, kuna kajaribio kadogo nataka mfanye. Leo ukifika nyumbani, kaa kwa kiti, mikono mapajani, vaa miwani ya jua kama unayo, uangalie ukuta. Kisha, bila kugeuza kichwa, mwambie mbwa wako lile neno ambalo wageni wakija huwa unajishaua kuwa analijua. "Lete mpira." "Lete kiatu." Lolote lile. Usinyooshe kidole, usiinue nyusi, usiegemee mbele hata kidogo. Sema neno mara moja, unyamaze.

Wengi wenu mtaangaliwa tu. Mbwa atasimama hapo, kichwa ameinamisha upande, kama jamaa ameitishwa kitambulisho saa sita usiku.

Sisemi mbwa wako ni bure. Nasema amekuwa akifanya kazi ngumu kuliko ile ulidhani. Siku zote ukisema "lete kiatu" alikuwa anaangalia mabega yako yameelekea wapi, macho yako yametua wapi, mkono umeanza kuinuka upande gani. Hiyo ndiyo lugha yake ya kwanza. Mwaka 2002 mtafiti Mmarekani anaitwa Brian Hare na wenzake walichapisha kazi iliyoonyesha kwamba kwa jambo hili moja mbwa anamshinda sokwe mtu: ficha chakula ndani ya chombo kimoja kati ya viwili, nyoosha kidole au kiangalie tu chenye chakula, na mbwa anaelewa unamwambia nini. Sokwe mtu, ndugu yetu wa karibu kabisa, anahangaika. Hata vibwa vidogo vinaweza. Tumeishi na hawa wanyama maelfu ya miaka, na kitabu walichosoma sana ni sura zetu.

Kwa hivyo neno kwake ni kelele inayotoka mdomoni wakati mwili wako tayari umeshasema kila kitu. Na kusema ukweli, mimi nisingejali hata kidogo, kama si Shosho.

Shosho wangu alivunjika nyonga mwaka jana. Akafanyiwa upasuaji, akaja kukaa kwetu Ruiru na masharti yake: asiiname, asichuchumae, asikalie kiti cha chini. Mtu yeyote ambaye amewahi kuuguza mgonjwa wa nyonga anayajua hayo masharti kama wimbo. Shida ni kwamba Shosho pia haoni vizuri. Ana glakoma, ile wengi huita presha ya macho, na imemla pembeni pembeni mpaka sasa anaona kama mtu anayechungulia kupitia bomba. Fimbo yake ikiteleza kutoka kwa mkono wa kiti, anaisikia ikigonga taili. Imelala wapi, hajui.

Mchana Mama yuko kazini. Binamu yangu mdogo yuko shule. Mimi niko nje na kamera, au niko chumbani nimeziba masikio na hedifoni nikikata video. Anayebaki na Shosho sebuleni ni mbwa.

Sasa fanya hiyo hesabu. Una mbwa ambaye akili yake yote iko kwa macho na vidole vya binadamu. Una binadamu ambaye macho yake hayajui kitu kiko wapi, kwa hivyo hawezi kukitazama wala kukinyooshea kidole. Kilichobaki kati yao ni neno peke yake. Kama mbwa hajui neno, Shosho atajaribu kuinama, na akiinama tunarudi hospitali.

Mbwa mwenyewe anaitwa Githeri. Ukimwona utaelewa, madoa ya kahawia na meupe yamemwagwa tu bila mpango, kama sahani ya mkahawa wa soko. Alizaliwa nyuma ya mabati ya jirani. Hana ukoo, hana makaratasi isipokuwa ile kadi ya chanjo ya kichaa cha mbwa. Koko kamili. Niliposema nataka kumfunza majina ya vitu, jirani mmoja aliniambia mbwa wa hivi ni wa kubweka na kula ugali, mambo ya "lete hiki lete kile" ni ya mbwa wa Runda. Nikamwambia sawa mzee.

Tulianza na kuleta kwenyewe, kabla ya jina lolote. Hapa watu wengi huruka, halafu wanashangaa. Mbwa wetu mtaani akipata kitu mdomoni sheria yake ni moja, kimbia. Githeri alikuwa anachukua soksi anatokomea nyuma ya tangi la maji. Dawa si kumfukuza, kwa sababu kumfukuza ndiyo mchezo wenyewe, unampa raha aliyokuwa anaitafuta. Dawa ni biashara. Maini ya kuchemsha, unakata vipande vidogo kama punje ya mahindi, unaketi chini, unangoja. Akikaribia na soksi hata hatua mbili, unasema "eeh!" kwa sauti ile ile kila siku, unampa ini, unamrudishia soksi. Hiyo ya kumrudishia ni muhimu. Akijua kitu hakiporwi, analeta. Ilichukua kama wiki mbili, dakika kumi asubuhi, kumi jioni. Zaidi ya hapo mbwa anachoka na wewe pia unachoka, usijidanganye.

Fimbo ikawa na vita vyake. Fimbo ya Shosho ni ya aluminiamu, na mbwa wengi hawapendi chuma kwenye meno. Tukachana leso kuukuu, tukaizungushia katikati na kuishona kwa uzi. Githeri akaanza kuibeba. Tatizo la pili ni mlango. Mbwa akishika fimbo katikati, fimbo inakaa mlalo, mlango ni mwembamba, paa! Inagonga fremu zote mbili anarudishwa nyuma. Nilicheka mpaka nikashindwa kushika kamera. Alijaribu mara kadhaa, akasimama akafikiria (ndiyo, nimesema akafikiria, nishtakini), akashika karibu na mpini akaiburura kama mtu anavuta mkokoteni. Tukahamisha kile kitambaa kikaenda juu karibu na mpini, mahali alipochagua yeye.

Na la tatu, ambalo sikuona video yoyote ikilisema: Githeri ana kilo 18. Kilo 18 zikija mbio na chuma mdomoni kwa mtu mwenye nyonga mpya, hujaleta msaada, umeleta ajali. Kwa hivyo kabla ya kumruhusu kumkaribia Shosho alifunzwa kwa siku nyingi kuja upande wa kulia wa kiti, kukaa matako chini, kisha kuweka mpini juu ya paja. Akirukaruka, hakuna ini. Hii sehemu inachosha, haina utamu wowote kwa video, na ndiyo ningekuambia usiiruke hata kama utaruka zingine zote.

Halafu ndiyo tukafika kwa majina. Na hapo ikabidi familia nzima iitishe mkutano.

Hesabu nyumba yako. Ile fimbo, Mama anaiita "fimbo". Mimi naiita "stiki". Binamu yangu anaiita "mkongojo" kwa sababu walisoma darasani na anataka kila mtu ajue. Shosho anaiita "muthigi". Mbwa anasikia majina manne ya kitu kimoja, na kila jina limezungukwa na maneno mengine ishirini. Sisi tunaona kawaida, tumelelewa kwa mchanganyiko huu, sentensi moja lugha tatu. Mbwa anahitaji kelele moja, isiyobadilika, kwa kitu kimoja.

Uamuzi ulikuwa rahisi, kwa sababu atakayetumia neno ni Shosho. Muthigi ikawa muthigi, kwa kila mtu. Soksi, Shosho huita "thogithi", kwa hivyo nyumba nzima ikaanza kusema thogithi, hata mimi ambaye marafiki zangu wanakuja wananikuta nikitangaza thogithi kama mtu wa redio ya kijijini. Leso ikabaki leso. Na ikawa bahati kubwa, maana kwa Kiswahili "soksi" na "leso" zote zina ile "so" ndani, na kwa mbwa anayeanza maneno yakifanana sauti unamwongezea mlima. Kikuyu cha Shosho kilitutatulia tatizo ambalo tungelipigia kichwa.

Ukitaka kujaribu kwako, jambo la kwanza ni kuchagua vitu visivyofanana hata kidogo, kwa umbo, kwa mguso, kwa harufu. Kimoja kigumu, kimoja laini kidogo, kimoja kikubwa laini. Anza na kimoja peke yake. Sema jina wakati anakielekea na wakati anacho mdomoni. "Muthigi. Eeh! Muthigi." Siku nyingi hivyo. Ukifika hapo utajiona umemaliza, na hujamaliza kitu, kwa sababu kukiwa na kitu kimoja tu chumbani, mbwa halazimiki kusikia jina. Angeleta hicho hicho hata ukisema "ushuru".

Kazi inaanza kitu cha pili kikiingia. Mbwa ana njia nyingi za kupata ini bila kusikiliza neno. Anaweza kuleta kile anachokipenda. Anaweza kuleta kile kilichomlipa mara ya mwisho. Anaweza kuleta kilicho karibu. Anaweza kuleta chochote, kwa sababu vikiwa viwili, kubahatisha tu kunampa nusu. Mtu anamwambia mbwa wake "lete kiatu" mara kumi mfululizo, mbwa analeta kiatu mara kumi, mtu anapiga video anaandika "genius". Buda, hiyo si jina, hiyo ni mazoea. Lazima uchanganye bila mpangilio. Mimi nilikuwa narusha kete ya ludo kabla ya kila raundi ili hata akili yangu isichague.

Halafu kuna wewe mwenyewe. Wewe ndiye shida kubwa.

Miaka ya mwanzo ya 1900, Berlin, Ujerumani, kulikuwa na farasi anaitwa Hans. Mwenyewe, mwalimu mstaafu wa hesabu anaitwa Wilhelm von Osten, alimfunza kujibu maswali kwa kugonga kwato. Mbili jumlisha tatu, farasi anagonga tano. Watu walijaa uwanjani. Kamati ya wataalamu ilikuja kumkagua, ikasema haioni ujanja wowote. Ndipo Oskar Pfungst akafanya kitu rahisi sana: akahakikisha kwamba anayeuliza swali hajui jibu, au farasi hamwoni anayeuliza. Hans akafeli vibaya. Mwaka 1907 Pfungst akaandika alichokiona. Farasi akikaribia idadi sahihi, anayeuliza alikuwa anatikisa kichwa kidogo sana bila kujijua, na Hans alikuwa akisoma huo mtikiso. Von Osten hakuwa tapeli. Hakujua kabisa mwili wake unatoa majibu.

Kwa hivyo mimi niliondoka chumbani. Vitu vinakuwa sebuleni, mimi niko koridoni nyuma ya ukuta, Githeri yuko na mimi. Binamu yangu anavipanga, anatoka kupitia jikoni kabla mbwa hajaingia, na mimi sijui ameweka nini upande gani. Nasema jina mara moja. Mbwa anaingia peke yake. Hakuna macho ya kusoma huko ndani, kuna vitu na neno alilobeba kichwani.

Wiki za kwanza za ukuta zilikuwa kimya cha ajabu. Githeri, ambaye tukiwa sebuleni pamoja alikuwa moto, nyuma ya ukuta alikuwa anaingia, anasimama katikati ya chumba, anarudi kuniangalia. Kama anasema: si uje uonyeshe. Nilipenda sana huo wakati, nitawaambia kwa nini. Ndio wakati unaona kabisa kwamba alikuwa akitumia macho yako, na sasa ameanza kutafuta kitu kingine cha kushika.

Muthigi na thogithi zilitengana kichwani mwake baada ya wiki kumi na moja. Wiki kumi na moja kwa maneno mawili. Leso ikaingia baadaye. Jaribio la juzi nilifanya raundi 20, vitu vitatu, ukuta katikati. Niliacha chuo mwaka wa pili lakini hesabu ya bahati sijaisahau: vitu vitatu, raundi 20, mbwa anayebahatisha tu atapata sita au saba. Githeri alipata 15. Tano alizokosa, nne alileta leso. Leso ni ya kuvaliwa jikoni, inanuka supu, siwezi kumlaumu.

Najua wengine wenu mnasubiri nitaje wale mbwa maarufu. Haya. Mwaka 2004 jarida la Science lilichapisha habari ya Rico, mbwa wa jamii ya border collie huko Ujerumani, aliyejua majina ya vitu kama 200. Kilichowashangaza watafiti zaidi ni kwamba ukiweka kitu kigeni kati ya vile anavyovijua, kisha utaje jina ambalo hajawahi kulisikia, mara nyingi alichukua kile kigeni, kama mtu anayesema "hivi vingine nina majina yao, basi hilo jina jipya ni la huyu". Halafu akaja Chaser, border collie pia, wa John Pilley, profesa wa saikolojia aliyestaafu huko South Carolina. Vitu 1,022, kila kimoja na jina lake, kazi ikachapishwa 2011. Pilley alikuwa anamfunza saa nne mpaka tano kwa siku, kwa miaka mitatu. Soma tena hiyo sentensi. Ni kazi ya kudumu, na mzee alikuwa na pensheni.

Kile ambacho wapiga video hawatawaambia ni kilichotokea Budapest. Watafiti wa huko walichukua mbwa 34 wa kawaida, wa nyumbani, wakawafunza kwa miezi 3 majina ya vitu 2 tu. Matokeo yalitoka 2021. Aliyefaulu ni mmoja. Mmoja kati ya 34! Pembeni walikuwa na wengine 6 ambao tayari walijulikana kuwa na kipaji hicho, na hao wote 6 wakapita bila shida.

Nilisoma hiyo nikiwa katikati ya zile wiki kumi na moja, na nitakuwa mkweli, nilikaa nayo vibaya. Ukiwa na mbwa wa mabati na bibi anayesubiri, habari ya moja kati ya 34 si ya kuchekesha. Lakini kuna kazi nyingine kutoka Hungary hiyo hiyo, ya 2024. Mbwa 18 walibandikwa vifaa vya kupima mawimbi ya ubongo kichwani, mwenye mbwa anataja kitu anachokijua, kisha anaonyeshwa kitu. Mara nyingine ndicho kilichotajwa, mara nyingine ni kingine. Kikiwa kingine, ubongo wa mbwa ulijibu tofauti, kama wa kwako ukisikia "nimekunywa kiti". Kumbe wengi walikuwa wanajua. Kujua neno na kulifanyia kazi ni vitu viwili, na kila mtu aliyewahi kukaa darasani akijua jibu lakini mkono hauinuki anaelewa.

Maoni yangu mimi, na si lazima ukubali, ni kwamba jina linashika haraka likiwa la kitu kinachotumika kila siku na kina mwenyewe. Mdoli wa plastiki hauna maana nyumbani kwetu. Muthigi una harufu ya mkono wa Shosho, ukienda na Shosho anaenda, ukianguka nyumba nzima inashtuka. Githeri ameuona ukifanya kazi tangu siku ya kwanza. Siwezi kuwathibitishia hilo kwa mbwa mmoja.

Kubadilisha sauti kutoka kwangu kwenda kwa Shosho ilikuwa safari nyingine. Si kwa mbwa tu. Shosho aliona ni ukosefu wa adabu kumtupia kiumbe neno moja tu kama askari. Alikuwa anaanza, "Wee Githeri, mwana wangu, hebu niangalizie hiyo muthigi yangu imeanguka wapi, haiya, si unaona nimekaa hapa..." Mbwa anasikia mto unapita. Tukakubaliana hivi: kwanza jina lake, kisha kitu, kisha kimya. "Githeri. Muthigi." Heshima itakuja mwisho, akishaleta. Shosho alikubali, na hiyo ya mwisho hajawahi kuisahau. Kila mara, hata ikiwa ni soksi iliyoloa mate, anasema "ni wega", pole pole, kama amepokea mgeni.

Kuna kampuni moja ya bidhaa za nyumbani iliona video ya ukuta, ikanitafuta. Walitaka Githeri achague pakiti yao kati ya pakiti tatu, kwa jina, video itoke wiki hiyo hiyo. Pesa ilikuwa tamu, siwafichi. Nikawaambia jina jipya ni miezi. Dada wa upande ule akasema bila hata kusita, "Si uiangalie tu hiyo pakiti, ataenda." Na ni kweli kabisa, angeenda. Nyinyi mngeona mbwa anayesoma, wao wangeuza, mimi ningelipa kodi. Nilikataa, na msinivishe mabawa. Githeri akirudi kujifunza kwamba jibu liko usoni pangu na si kwenye neno, atakayeishiwa nguvu ni mtu ambaye uso wake haujui jibu.

Wiki tatu zilizopita, alasiri, nilikuwa chumbani nakata video. Nikasikia ule mlio wa aluminiamu kwenye taili, nikatoa hedifoni sikio moja. Nilikuwa nimeshaanza kuinuka. Kisha nikamsikia Shosho, bila haraka: "Githeri. Muthigi." Kimya. Kucha kwenye taili, zikaenda upande wa meza, zikasimama, zikaenda upande wa kabati. Chuma kikakwaruza sakafu. Kikagonga mguu wa meza mara moja. Halafu kimya tena, kirefu kidogo kuliko nilivyotaka. "Ni wega." Nikakaa chini. Kamera ilikuwa imezimwa mezani, kwa hivyo hiyo hamtaiona.

Na bado mtaani watu wananiuliza mbwa anabweka vizuri. Mimi nawaelewa, kwetu mbwa amekuwa kengele ya wizi tangu zamani, mchana minyororo, usiku anafunguliwa, chakula ni mabaki. Lakini kama una mnyama ambaye amejifunza kusoma mwendo wa nyusi zako bila wewe kumfunza, na unamtumia kubwekea tu watu wa takataka, mimi naona umenunua simu kubwa ya bei ili utumie tochi.

Kitu cha nne ndicho tunapigania sasa. Shosho anataka simu. Ana ile kabambe ya vitufe vikubwa, na ikianguka chini ya kiti hawezi kumpigia mtu yeyote. Mama ameishonea mfuko wa kitambaa wenye mkanda wa kushika kwa meno, mate hayaingii. Kufikia hapo sawa. Lakini Shosho anaiita "thimu", na muthigi ina "thi", na thogithi ina "thi" mwishoni, na nimemweleza kwamba mbwa atachanganyikiwa. Nikapendekeza tuiite kabambe, inasikika tofauti kabisa. Shosho amekataa. Anasema hajawahi kumpigia mtu kwa kabambe, amewapigia watu kwa thimu, na Githeri si mjinga. Jana jioni walifanya raundi kumi wawili peke yao, na nilipopita Githeri alikuwa amemletea leso mbili na ule muthigi, vyote viko mapajani, na Shosho anamwambia wajaribu tena.